Michael Grzimek (1934-1959): Taswira na Mipaka ya Serengeti

Michael Grzimek alizaliwa Berlin, Ujerumani, mwaka 1934. Baba yake, Bernhard, alikuwa mtaalamu wa wanyama na mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt. Mwaka 1956 wawili hao walitoa filamu ya Kein Platz für wilde Tiere, kuhusu wanyamapori wa Kongo, ambayo ilituzwa katika tamasha la filamu la Berlin.

Desemba 1957 waliruka kuja Tanganyika kwa ndege ndogo iliyopakwa milia ya pundamilia. Wakati huo serikali ya kikoloni ilikusudia kubadili mipaka ya Hifadhi ya Serengeti, iliyoanzishwa mwaka 1951. Walihesabu wanyama wakubwa 366,980, wakabaini kwamba makundi yalihamahama nje ya mipaka iliyopendekezwa.

Sambamba na hesabu hiyo walipiga picha za filamu ya Serengeti darf nicht sterben. Hii si filamu ya majaribio kwa maana kamili ya istilahi hiyo, kwani sauti ya msimulizi huiongoza. Hata hivyo, nguvu yake haitokani na mtiririko wa visa, bali na taswira za makundi yaonekanayo kutoka angani. Taswira hizo humfanya mtazamaji aipende nchi kabla hajauliza ni ya nani. Utata umo humo: akina Grzimek waliamini kwamba hifadhi ya taifa haipaswi kukaliwa na watu, ilhali mwaka 1958 wazee wa Kimaasai walikuwa wametia saini makubaliano ya kuihama Serengeti.

Tarehe 10 Januari 1959 Michael, akiwa peke yake angani, aligongana na tai. Ndege ikaanguka, naye akafariki akiwa na umri wa miaka 24. Filamu ilikamilishwa baada ya kifo chake, ikapata tuzo ya Oscar mwaka 1960.

Alizikwa kwenye ukingo wa kreta ya Ngorongoro. Mwaka huohuo wa 1959 Ngorongoro ilitengwa na Serengeti, ikawa eneo la wanyama na wafugaji kwa pamoja. Hivyo kaburi lake limo katika ardhi iliyoondolewa hifadhini kinyume cha hoja yake, na ambamo haki ya Wamaasai kuishi imezua mgogoro mpya tangu uhamishaji wa kwenda Msomera ulipoanza mwaka 2022.