Kapteni Mbaye Diagne: Aliyeokoa mamia bila bunduki

Nikiwauliza wanafunzi wangu hapa Temeke wanitajie shujaa wa Kiislamu, hunitajia Khalid bin Walid au Salahuddin. Majibu ni sahihi, lakini wote hao ni watu wa upanga. Siku hizi huwaongezea mmoja wa zama zetu, ambaye kazi yake haikumruhusu kubeba hata bastola.

Mbaye Diagne alizaliwa Senegal mwaka 1958, akakulia Pikine, kitongoji cha Dakar, tuseme Mbagala yao. Kati ya watoto tisa wa nyumba yao, ndiye wa kwanza kufika chuo kikuu. Baadaye akaingia jeshini, na mwaka 1993 akapelekwa Rwanda, ambako alikuwa mwangalizi wa Umoja wa Mataifa kufuatia mkataba wa amani uliosainiwa hapa kwetu Arusha Agosti mwaka huo. Waangalizi hawakuwa na silaha.

Aprili 7, 1994, Waziri Mkuu wa Rwanda, Bibi Agathe Uwilingiyimana, aliuawa na askari wa serikali yake mwenyewe. Watoto wake walikuwa wamejificha jirani. Diagne akawapata, akawaficha garini na kuwafikisha Hoteli Mille Collines. Baadaye wakatoroshwa nje ya nchi. Amri kutoka juu ilikuwa kwamba waangalizi wasiingilie. Yeye hakungoja ibadilishwe. Kamanda wake, Jenerali Dallaire, alijua, akanyamaza.

Kuanzia hapo akawa anabeba watu watatu, wanne, watano kwa safari moja, na kupita nao kwenye vizuizi vya Interahamwe. Alikuwa mcheshi. Wauaji walicheka naye, akawapa sigara, fedha na wakati mwingine pombe, wakampisha.

Kwenye pombe ndipo wanafunzi hunibana. Mwislamu mshika dini amgawie mtu pombe? Nawarudisha kwenye somo la dharura: aliyelala chini ya kiti cha nyuma angekatwa mapanga palepale. Wapo wanaoridhika, wapo wanaotoka darasani wakiendelea kubishana. Mimi simlaumu hata kidogo.

Mei 31, 1994, akiwa anampelekea Dallaire ujumbe, kombora liliangukia nyuma ya gari lake kwenye kizuizi mjini Kigali. Alifariki papo hapo, zikiwa zimebaki kama wiki mbili arudi kwa mkewe na watoto wake wawili. Allah amrehemu. Waliookoka kwa mkono wake wanakadiriwa kuwa mamia. Wengine husema hata 1,000.

Rwanda ilimtunuku nishani mwaka 2010. Umoja wa Mataifa, uliomtuma, ulingoja hadi Mei 2014, miaka 20 kamili, ndipo Baraza la Usalama likaanzisha medali ya ushujaa yenye jina lake. Medali ya kwanza ilikabidhiwa familia yake mwaka 2016. Watoto aliowaacha wadogo walikuwa tayari watu wazima.