Ian Donald, Daktari Aliyetuonyesha Mtoto Tumboni



Wengi wenu mnaoishi Mathare mnaifahamu ile karatasi ya skani. Mama ametoka kliniki, au katika hospitali ya uzazi ya Pumwani, jirani yenu tangu mwaka wa 1926, na mkononi ana picha nyeusi yenye alama nyeupe kama punje ya haragwe. Pembeni imeandikwa idadi ya wiki. Katika nyumba nyingine picha hiyo huleta furaha. Katika nyingine huleta ugomvi, kwa sababu baba huanza kuhesabu kwa vidole. Kabla hamjahesabu, mfahamuni kwanza mtu aliyetuletea kipimo hicho, maana maisha yake yana fundisho kwa mume na mke.

Ian Donald alizaliwa Desemba 27, 1910, huko Liskeard, kusini-magharibi mwa Uingereza, katika ukoo wa madaktari. Sehemu ya ujana wake aliishi Afrika Kusini, kisha akarudi London kusomea udaktari. Mwaka wa 1937 alihitimu, na mwaka huohuo akamwoa Alix Richards. Walijaliwa mabinti wanne. Wakati wa Vita Vikuu vya Pili alikuwa daktari katika jeshi la anga. Huko aliingia katika ndege iliyokuwa ikiwaka moto, yenye mabomu ndani, akawaokoa askari, naye akapewa nishani. Huko pia aliifahamu mitambo inayotambua kitu kisichoonekana kwa kutuma mawimbi na kupokea mwangwi wake.

Mwaka wa 1954 akawa profesa wa ukunga katika Chuo Kikuu cha Glasgow, mji wa meli na viwanda. Mafundi wa huko walikuwa na mashine ya kukagua chuma kwa sauti kali mno isiyosikika kwa sikio. Ilipokuta ufa, ilirudisha mwangwi. Donald akajiuliza kama mwili wa binadamu nao ungejibu hivyo. Julai 1955 alipakia katika buti za magari mawili uvimbe uliotolewa kwa wagonjwa, pamoja na kipande cha nyama ya ng'ombe cha kulinganishia, akavipeleka katika kiwanda cha Babcock & Wilcox mjini Renfrew. Jibu likapatikana: uvimbe mgumu ulirudisha mwangwi tofauti na ule wa majimaji.

Kwa msaada wa fundi kijana Tom Brown na daktari John MacVicar, mashine ya hospitali ikaundwa. Wako waliowacheka. Ndipo akaletwa mama mmoja aliyevimba tumbo na kukonda, ambaye madaktari walidhani ana kansa ya tumbo isiyotibika. Mashine ilionyesha mfuko mkubwa wa maji katika ovari. Akapasuliwa, ukatolewa, akapona. Mama huyo alikuwa amekwisha kuhukumiwa kabla ya kuonekana ndani. Mwezi Juni 1958 habari hizo zilichapishwa katika jarida la The Lancet, na kicheko kikapungua.

Mimba changa bado ilikuwa imejificha nyuma ya mifupa ya nyonga. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Donald aligundua kwamba kibofu kilichojaa huwa kama dirisha. Ndiyo sababu hata leo mama huambiwa anywe maji mengi asiende haja ndogo. Mwaka wa 1973 Hugh Robinson, daktari wa hukohuko Glasgow, alionyesha kwamba mtoto akipimwa kutoka utosini hadi makalioni, umri wa mimba hujulikana, kwa kuwa katika miezi mitatu ya kwanza watoto hukua karibu sawasawa.

Je, skani ya mapema huonyesha nini? Wiki ya 5, kifuko kidogo cha maji. Wiki ya 6 au ya 7, mtoto wa milimita chache na moyo wake ukipiga. Wiki ya 8, ana kama sentimita moja na nusu, na mikono na miguu inachipuka. Wiki ya 12 amepita sentimita tano, na kichwa na viungo vyake vyaonekana. Skani huonyesha pia kama ni pacha, na kama mimba imejishikiza nje ya mfuko wa uzazi, jambo linaloweza kumuua mama.

Sasa wewe baba, sikiliza. Wiki hizo huhesabiwa tangu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, yaani kama wiki mbili kabla ya mimba kutungwa. Ikiwa ulikuwa kazi ya mjengo Mombasa ukarudi wiki sita zilizopita, na karatasi inasema wiki nane, mkeo hakukukosea. Kipimo chenyewe chaweza kupungua au kuzidi siku tano hadi saba, na kile cha miezi ya mwisho hukosea zaidi. Hasira hasara, muulizeni daktari kwanza.

Nawe mama, ukiambiwa mapema kwamba moyo hauonekani, usikate tamaa siku hiyohiyo. Huenda mimba ni changa kuliko ulivyohesabu. Omba kupimwa tena baada ya wiki moja au mbili. Lakini ukiwa na maumivu makali au damu, nenda hospitali mara moja.

Donald mwenyewe aliugua moyo kwa miaka mingi na kupasuliwa zaidi ya mara moja, lakini hakuacha kazi. Aliipinga waziwazi sheria ya mwaka 1967 iliyoruhusu utoaji mimba Uingereza. Alistaafu mwaka 1976, akafariki Juni 19, 1987.

Tangu mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani linashauri kila mama mjamzito apigwe skani moja kabla ya wiki ya 24. Wekeni akiba tangu mapema, na siku hiyo nendeni wote wawili, muitazame picha na kuuliza maswali pamoja.