Leon Leonwood Bean: Yatima wa Maine aliyerudisha pesa za jozi 90 za viatu

Wateja walimrudishia jozi 90 kati ya jozi 100 za kwanza alizouza. Pamoja na hayo, leo hii jina la Leon Leonwood Bean liko kwenye moja ya kampuni kubwa za Marekani zinazouza nguo, viatu na vifaa vya kuwinda, kuvua samaki na kulala porini. Amefariki zaidi ya miaka 50 iliyopita, lakini kampuni bado iko mikononi mwa familia yake.

Bean alizaliwa Oktoba 1872 huko Greenwood, katika jimbo la Maine, kaskazini-mashariki mwa Marekani. Ni sehemu ya misitu, mito na baridi kali. Alipokuwa na miaka 12, alipoteza baba na mama katika muda wa siku 4 tu. Yeye na ndugu zake walilelewa na jamaa.

Mtoto huyo alijifunza mapema kutafuta pesa. Akiwa na miaka 13 aliua kulungu wake wa kwanza na kumuuza kwa wawindaji kwa dola 12. Baadaye alifanya kazi ya kuuza nguo na viatu pamoja na kaka yake katika mji mdogo wa Freeport. Mwaka 1898 alimuoa Bertha Porter, wakazaa watoto 3. Hadi anakaribia miaka 40, alikuwa muuzaji wa kawaida asiyejulikana nje ya mji wake.

Mambo yalibadilika mwaka 1911. Bean alirudi kutoka kuwinda miguu ikiwa imelowa maji na kuuma kwa baridi. Viatu vya ngozi vilikuwa vinanyonya maji, na buti za mpira mtupu zilikuwa nzito kwa mtu anayetembea siku nzima. Akamwomba mshona viatu wa mjini aunganishe vitu viwili: chini mpira kama wa viatu vya wafanyakazi, juu ngozi nyepesi. Miguu ilibaki mikavu.

Mwaka uliofuata alianza biashara katika chumba cha chini cha duka la kaka yake. Alitafuta orodha ya watu wa majimbo mengine waliokuwa na kibali cha kuwinda Maine, akawatumia tangazo la kurasa 3 kwa posta. Katika tangazo hilo aliahidi kwamba asiyeridhika atarudishiwa pesa zake zote.

Ahadi hiyo ilimrudia haraka. Mshono wa jozi za kwanza haukushika, ngozi ikaachana na mpira, na viatu vikaanza kurudi kwa posta. Bean angeweza kunyamaza: wateja walikuwa mbali na wengi hawakumfahamu kwa sura. Lakini alimlipa kila mmoja. Kisha akakopa pesa, akatafuta mpira ulio imara zaidi na kuanza upya.

Bahati nayo ilimsaidia. Mwaka 1913 posta ya Marekani ilianza huduma ya kubeba vifurushi hadi vijijini, na mkuu wa posta ya Freeport alikuwa Guy, ndugu yake. Katalogi za Bean zikafika kila upande wa nchi. Aliandika maelezo ya bidhaa mwenyewe kwa maneno ya kawaida, na vifaa vingi alivijaribu kwanza msituni.

Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, serikali ilimuomba ushauri juu ya buti za askari. Mwaka 1942 alitoa kitabu kuhusu kuwinda, kuvua na kupiga kambi. Na kwa kuwa wawindaji waliokuwa wakipita usiku walimwamsha kila mara, mwaka 1951 aliamua duka lifunguliwe saa 24, siku zote za mwaka.

Hata hivyo, uzee wake uliiletea kampuni shida. Bean hakutaka kukua zaidi, na wafanyakazi wengi walizeeka pamoja naye. Alipofariki Februari 1967 huko Florida, akiwa na miaka 94, mauzo ya mwaka yalikuwa karibu dola milioni 5. Mtoto wake Carl alifariki miezi michache baadaye. Kazi ikamwangukia mjukuu, Leon Gorman, aliyekuwa na miaka 32. Gorman alipoacha uongozi mwaka 2001, mauzo yalikuwa yamepita dola bilioni 1.

Ahadi ya babu ilidumu zaidi ya miaka 100. Mwaka 2018 kampuni iliweka mpaka wa mwaka 1 wa kurudisha bidhaa, ikieleza kwamba watu fulani walikuwa wakileta vitu vilivyochakaa kwa miaka mingi, au walivyookota kwenye mauzo ya vitu vya zamani, ili wapewe vipya. Bean aliwaamini watu ambao hakuwahi kuwaona, na kwa miaka mingi hesabu hiyo ilimlipa. Waliomfuata waliona haiwalipi tena.

Kile kiatu chenyewe hakijaachwa. Mpaka sasa kinashonwa huko huko Maine, mpira chini na ngozi juu.