Chemirocha: Mwimbaji wa Reli Aliyefika Kwetu Bila Kufika

Katika mjadala wa chama chetu muhula uliopita, mada ilikuwa kwamba muziki wa kigeni na redio vimewapotosha vijana wa Kenya. Mimi nilikuwa upande wa kuunga mkono, na tulishinda kwa kishindo. Nilipofika nyumbani Ndanai likizoni nikamsimulia kogo, yaani nyanya yangu, jinsi tulivyowagaragaza wapinzani wetu. Kogo alicheka mpaka akaweka kikombe chini. Kisha akaniuliza kama katika huo mjadala wetu mkubwa kuna hata mmoja aliyemtaja Chemirocha. Hakuna aliyemtaja. Mimi mwenyewe nilikuwa sijawahi kulisikia jina hilo. Makala hii imetokana na aibu hiyo.

Chemirocha ni jina la Kizungu lililopita katika ulimi wa Kipsigis. Mwenyewe aliitwa Jimmie Rodgers. Hebu litamke haraka haraka, mara tatu hivi, na utasikia lilivyogeuka. Na kwa kuwa kwetu Chebet, Chelangat na Cherono ni wasichana, mtu asiyejua angedhani Chemirocha naye ni binti wa Litein. La hasha! Alikuwa mwanamume, Mmarekani mweupe, mwembamba, mgonjwa wa kifua, na hakuwahi kukanyaga ardhi ya Afrika hata siku moja.

Alizaliwa tarehe 8 Septemba 1897 pande za mji wa Meridian, jimbo la Mississippi, kusini mwa Marekani. Mama yake alifariki yeye akiwa bado mtoto mdogo, akawa analelewa mara kwa jamaa huyu, mara kwa yule. Baba yake, Aaron Rodgers, alikuwa nyapara wa kikundi cha kutengeneza njia ya reli, mtu wa kushinda na kulala safarini. Shule haikumkaa kijana huyu. Kabla hajafika umri wa kuingia kidato cha kwanza alikuwa amekwisha kutoroka nyumbani kufuata maonyesho ya kuzunguka mijini. Baba akamrudisha, akaona heri ampe kazi palepale relini: kuwapelekea maji wafanyakazi.

Hapo ndipo penye mzizi wa habari yote. Wengi wa wafanyakazi wale walikuwa watu Weusi, watoto na wajukuu wa watumwa. Kuinua na kusogeza chuma cha reli si kazi ya mtu mmoja. Lazima wote wavute kwa pamoja, na ili wavute kwa pamoja waliimba, mmoja akitangulia na wengine wakiitikia. Sisi tunaojua harambee hatuhitaji kueleza zaidi. Kijana wa maji alizisikia nyimbo hizo kutwa kucha. Akajifunza kupiga banjo na gitaa, akajifunza na ule uimbaji wa huzuni uitwao bluzi. Sheria za Mississippi siku hizo ziliwatenga Weusi na Weupe katika shule, katika behewa la treni, mpaka kwenye makaburi. Sikio, lakini, halikutengwa.

Alipokua aliajiriwa kushughulikia breki za magarimoshi, kazi ya hatari na ya kusafiri daima. Mwaka 1920 alimwoa Carrie Williamson, binti wa mhubiri. Mwaka uliofuata wakapata mtoto, Anita. Wa pili, June, alifariki mwaka 1923 kabla hajatimiza mwaka mmoja. Wazazi hawajamaliza kilio, Jimmie akaanza kukohoa damu. Mwaka 1924 madaktari walisema ni kifua kikuu.

Msomaji wa leo anaweza kudhani ni jambo la kumeza vidonge miezi sita na kupona. Wakati ule dawa haikuwapo. Streptomycin, dawa ya kwanza ya kuua vijidudu vya kifua kikuu, iligunduliwa mwaka 1943, wakati Jimmie alikuwa kaburini miaka kumi. Mgonjwa aliambiwa apumzike, ale vizuri, avute hewa safi. Mtu wa reli mwenye mke na mtoto atapumzika na nini? Mwili haukuiweza tena kazi ya treni, na alichobaki nacho ni gitaa na mapafu mabovu. Ajabu ni kwamba aliamua kuyategemea yote mawili.

Redio ilikuwa kitu kipya. Kituo baada ya kituo kilikuwa kimefunguliwa Marekani tangu mwaka 1920, na vituo vidogo vya mijini vilitafuta mtu yeyote wa kujaza saa. Mwanzoni mwa mwaka 1927 Jimmie alihamia Asheville, North Carolina, akapata nafasi ya kuimba katika kituo cha WWNC. Hakudumu hapo. Lakini alikwisha kuonja utamu wa kuimbia watu usiowaona.

Mwezi wa Agosti mwaka huohuo akasikia kwamba kampuni ya santuri ya Victor imemtuma mtu wake, Ralph Peer, katika mji wa Bristol, mpakani mwa Tennessee na Virginia, kunasa waimbaji wa kawaida wa milimani. Jimmie akaenda na wenzake wa bendi. Usiku wa kuamkia kazi yenyewe wakagombana, wenzake wakajitenga. Bwana huyu hakurudi nyumbani. Tarehe 4 Agosti 1927 alisimama peke yake mbele ya maikrofoni na gitaa lake, akaimba nyimbo mbili.

Niseme kidogo juu ya ile maikrofoni, maana bila hiyo makala hii isingekuwapo. Kabla ya mwaka 1925 waimbaji walirekodiwa kwa kuimbia ndani ya bomba pana kama tarumbeta, kwa hivyo ilibidi mtu apige kelele kama anayeita ng'ombe ng'ambo ya mto. Ilipoingia maikrofoni ya umeme, hata sauti ya mgonjwa ilitosha. Jimmie aliimba kama anayezungumza nawe jikoni usiku, na santuri ikaibeba sauti hiyo jinsi ilivyo.

Mwezi wa Novemba alirekodi wimbo aliouita Blue Yodel. Humo aliunganisha vitu viwili visivyo na undugu: bluzi ya Weusi wa Mississippi na yodeli ya milima ya Ulaya, ule uimbaji wa kuirusha sauti ghafla kutoka kifuani hadi juu kabisa, nyembamba, halafu chini tena. Santuri hiyo iliuzwa kwa mamia ya maelfu. Mtu aliyekuwa hana kodi ya nyumba mwezi mmoja, akawa na motokaa na jumba huko Kerrville, Texas. Wanamuziki wa Marekani humwita baba wa muziki wa kantri. Ilipoanzishwa Nyumba ya Mashujaa wa muziki huo mwaka 1961, yeye alikuwa miongoni mwa watatu wa kwanza kuingizwa.

Jambo moja sikulipenda nilipolisoma, nami nitalisema. Tarehe 16 Julai 1930, mjini Hollywood, Jimmie alirekodi wimbo mmoja akiwa na Louis Armstrong kwenye tarumbeta na Lil Hardin Armstrong kwenye piano. Armstrong alikuwa gwiji wa jazi, lakini jina lake halikuwekwa kwenye lebo ya santuri. Na wale wa relini waliomfundisha kijana wa maji, hao ndio kabisa! Hakuna lebo iliyowataja. Sisemi Jimmie aliiba, maana wimbo si mbuzi wa kufungwa kamba. Nasema malipo na sifa vilienda upande mmoja.

Umaarufu haukumponya. Alizunguka akiimba huku anakohoa, na mwaka 1931 alirekodi wimbo juu ya ugonjwa wake mwenyewe, bila kuficha kitu. Uchumi wa dunia ulikuwa umeanguka, watu hawana pesa ya santuri, na gharama za daktari zinaendelea. Mwezi wa Mei 1933 alisafiri mpaka New York kurekodi kwa mara ya mwisho ili Carrie na Anita wasibaki mikono mitupu. Alianza tarehe 17. Studioni waliweka kitanda kidogo. Anaimba wimbo mmoja, analala, anaamka, anaimba mwingine. Alimaliza tarehe 24. Tarehe 26 Mei akafariki hotelini, umri wake miaka 35. Mwili wake ulirudishwa Meridian kwa treni.

Kwa kawaida maisha ya mtu huishia hapo. Ya huyu yalianza sehemu ya pili, huku kwetu.

Santuri zake zilikuwa zimechapishwa Uingereza pia, na palipofika Mwingereza, gramafoni ilifika. Kericho ilikuwa imejaa Waingereza. Mashamba makubwa ya chai yalianza kupandwa miaka ya 1920, na Wakipsigis waliopokonywa ardhi yao wakawa vibarua juu yake. Redio ilianza Nairobi mwaka 1928, ila ilitangaza kwa Kiingereza kwa ajili ya walowezi. Mwafrika hakuhesabiwa kuwa msikilizaji. Gramafoni haikuhitaji umeme wala kibali. Unazungusha mpini, unaweka sindano, sauti inatoka. Hebu fikiria wewe ndiwe unaisikia mara ya kwanza: kisanduku kinaimba, mtu haonekani, na sauti yake inapanda juu kama si ya binadamu kisha inashuka kama hakuna kilichotokea. Ungesema ni mtu huyo?

Mwaka 1950 mtafiti wa muziki Hugh Tracey alifika Kapkatet. Ukitoka huku Ndanai, unafika Sotik, unashika barabara ya Kericho, na Kapkatet unaipita kabla ya Litein. Tracey alizunguka Afrika na mashine zake akirekodi muziki wa wenyeji. Kapkatet alikuta watu wakiimba habari za Chemirocha, naye alirekodi nyimbo tatu zenye jina hilo. Ya tatu ndiyo inayojulikana zaidi duniani, iliyoimbwa na Chemutoi Ketienya na wasichana wenzake, huku ikipigwa chepkong', zeze letu la nyuzi. Katika maelezo yake Tracey aliandika kwamba wasichana wale walimfanya Chemirocha kuwa kiumbe nusu mtu nusu swara, wakimsihi acheze na kuruka mpaka nguo zimtoke. Yaani yule mgonjwa aliyerekodi akiwa amelala kitandani, huku alipewa miguu ya mnyama wa mbugani!

Hapo ndipo hoja yangu ya muhula uliopita ilipovunjika. Sisi tulidai kwamba muziki wa nje ukiingia, wa ndani unakufa. Wasichana wa Kapkatet walisikia muziki wa nje, lakini hawakuanza kuimba kantri, wala hawakutupa chepkong'. Walimchukua mgeni, wakampa jina lao, sauti zao na ngoma yao. Wala sisemi hakuna hasara. Hasara iko, ila tuliitafuta pasipo. Kwenye rekodi ile jina la Chemutoi Ketienya limeandikwa, wenzake wameitwa tu wasichana wa Kipsigis. Kanda zikaenda Afrika Kusini, kwenye maktaba ya muziki wa Kiafrika aliyoianzisha Tracey mwaka 1954. Wanafunzi wa vyuo vya ng'ambo waliweza kuusikiliza wimbo huo, na mtoto wa Sotik hakujua kama upo. Mwaka 2014 ndipo maktaba hiyo, ikishirikiana na Ketebul Music ya Nairobi, ilipozirudisha nakala Kapkatet. Baadhi ya waliorekodiwa walipatikana wakiwa hai, wazee sasa, wakasikiliza sauti zao za ujana baada ya miaka 64.

Kizazi cha baba zetu kilipata redio zake chenyewe. Sauti ya Kenya, ambayo mwaka 1989 ilirudia jina la KBC, ilikuwa ikisikika mpaka kwenye vibanda vya kukusanyia majani chai, na betri zikichoka zilianikwa juani kama mahindi. Jim Reeves, Mmarekani mwingine wa kantri aliyefariki mwaka 1964, alipendwa kuliko wengi wa hapa nchini. Huku kwetu mpaka leo ukienda harusini utasikia kantri, na anayecheza hajioni mgeni. Baadaye zikaja Kass FM na Chamgei FM zinazotangaza kwa lugha yetu, na siku hizi kila mwenye simu ana redio mfukoni.

Nilimrudia kogo na haya yote niliyoyakusanya. Nilimweleza juu ya reli, kifua kikuu, na kitanda cha studioni. Alisikiliza kimya, mikono inachambua mboga. Alipokuwa msichana mdogo alijua tu kwamba Chemirocha anaruka. Hakuna aliyemwambia kwamba alikuwa mgonjwa. Akaniuliza kama aliacha watoto. Nikamjibu kwamba alimwacha Anita, umri wake miaka 12. Akauliza nani alimlea. Nikasema mama yake, Carrie, ambaye mwaka 1935 alitoa kitabu juu ya mumewe. Kogo akatikisa kichwa, akasema angalau huyo aliandikwa. Kisha akaanza kunitajia, mmoja mmoja, majina ya wasichana aliocheza nao ngoma zamani, na nikaenda kutafuta kalamu.