Frère Clément Rodier, mtunza miche aliyeacha jina lake katika mandarini

Masokoni kando ya Ziwa Kivu, toka Kituku mjini Goma kupitia Kirotshe mpaka Minova, mandarini inauzwa kwa mafungu. Mnunuzi anayejua kuchagua haangalii rangi peke yake. Anataka kujua mambo mawili: ganda linatoka kwa vidole bila kisu? Na mbegu ndani ni nyingi? Mambo hayo mawili ndiyo yalifanya jina la mtu mmoja lizunguke dunia nzima, hata katika midomo ya watu wasiojua kama ni jina la mtu. Clémentine, ile mandarini ndogo, tamu, yenye ganda laini na mara nyingi bila mbegu, iliitwa hivyo kwa heshima ya Frère Clément Rodier. Alikuwa Mfaransa aliyeishi Aljeria karibu maisha yake yote ya utu uzima, akitunza miche na kulea watoto yatima. Alikufa mwaka 1904.

Wazazi wake walimwita Vital. Alizaliwa mwaka 1839 katika kijiji cha milima ya Auvergne, katikati ya Ufaransa, inchi ya baridi, ya ng'ombe na jibini, pahali ambapo machungwa hayawezi kukomaa. Mtu wa Masisi angeiona milima ile na malisho yake, asingejisikia mgeni sana. Kijana Vital alitaka kuwa mtawa. Kwanza alijaribu maisha ya Wachartreux, watawa wanaokaa kimya, kila mmoja katika chumba chake, wakifunga na kukesha. Afya yake haikuweza. Akavuka bahari ya Mediterania, akaingia katika shirika dogo la mafrere kule Misserghin, karibu na muji wa Oran, magharibi ya Aljeria. Huko ndiko alipewa jina la Clément. Hakupata kuwa padri. Alibaki frère, mtu wa jembe na mkasi wa kupogolea.

Misserghin haikuwa pahali pasipo na historia. Ufaransa ilikuwa imeivamia Aljeria mwaka 1830 na kuwanyang'anya wenyeji mashamba mengi. Padri Abram, aliyeanzisha kazi ya Misserghin, aliijenga nyumba ya mayatima katika kambi ya zamani ya jeshi. Miaka ya 1866 hadi 1868, ukame, nzige, njaa na kolera viliua watu wengi sana Aljeria na kuacha watoto bila wazazi. Kutokana na njaa ile ile, Askofu Mkuu Lavigerie alikusanya mayatima mjini Alger, na mwaka 1868 akaanzisha shirika la Wamisionari wa Afrika, yaani Mapadri Weupe. Hao ndio walikuja baadaye kufungua misheni nyingi za Kivu. Rodier hakuwa wa shirika lile. Lakini alikuwa mtu wa wakati ule na wa inchi ile, na kazi yake ilikuwa ya kila siku: kuhakikisha watoto wanakula, na kuwafundisha kazi ya mikono.

Kazi hiyo ya mikono ilikuwa kilimo. Frère Clément alipewa kusimamia pepinieri ya nyumba ya mayatima. Chini ya mikono yake na ya watoto ilikua miche ya miti ya matunda, miti ya kivuli, mizabibu na maua ya waridi. Walioihitaji miche walikuja kuinunua, na pesa ikasaidia kulisha nyumba. Alikuwa mtu wa kujaribu: akichanganya, akipandikiza, akiangalia kila mche unaotoka kivingine. Katika bustani ile kulikuwa na mandarini, tunda lenye asili ya China, lililofika pande za Mediterania katika karne ya 19. Watu wa pwani ya Zanzibar na Mombasa wanaliita chenza. Mandarini ile ilikuwa tamu na rahisi kumenya, lakini ilijaa mbegu.

Karibu mwaka 1892, mti mmoja ulionekana tofauti na wenzake. Namna ulivyogunduliwa, watu wanasimulia kwa njia mbili. Masimulizi ya kwanza yanasema Frère alimwona nyuki akitoka katika maua ya mchungwa mchungu na kutua kwenye ua la mandarini. Akafunga uzi mwekundu kwenye lile tawi, akangoja tunda, kisha akapanda mbegu zake. Masimulizi ya pili ni ya kawaida zaidi. Mti uliota wenyewe katikati ya miiba, pahali pasipomwagiliwa maji, hakuna aliyeujali. Matunda yake yalikuwa mekundu kuliko mandarini zingine. Kijana mmoja Mwarabu, mwenyeji wa pale, aliyachuma akala, akasema ni matamu sana. Ndipo Frère naye akaonja, akachukua vijiti vya mti ule na kuanza kupandikiza.

Kama masimulizi ya pili ndiyo ya kweli, basi mtu wa kwanza kulitambua tunda hili alikuwa kijana ambaye jina lake halikuandikwa. Mwaka 1902 Louis Trabut, mtaalamu wa mimea aliyefanya kazi Aljeria, aliandika juu ya tunda hilo jipya katika gazeti la kilimo cha bustani la Ufaransa, na jina la clémentine likakubaliwa kwa heshima ya frère. Ndivyo ilivyokuwa kawaida ya wakati wa ukoloni: mwenye pepinieri anapewa jina, aliyechuma na kuonja anasahauliwa. Hilo haliondoi kazi ya Rodier, maana kuonja ni jambo moja na kuutunza mti usipotee ni jambo lingine. Lakini linafaa kusemwa kila mara historia hii inaposimuliwa.

Na kuutunza ndiko kulikuwa kugumu. Mandarini nyingi zina tabia ya ajabu: ndani ya mbegu moja hutoka mimea zaidi ya mmoja, na mingi inafanana kabisa na mama. Ndiyo maana mtu anaweza kupanda mbegu ya mandarini nyuma ya nyumba na kupata mti unaofanana na ule wa kwanza. Clémentine haiko hivyo. Mbegu yake hutoa mche mmoja tu, mchanganyiko wa baba na mama, na tunda lake haliwezi kujulikana mbele. Kama Frère Clément angepanda mbegu tu, tunda lile lingepotea pamoja na mti wake.

Aliliokoa kwa kupandikiza, kazi ambayo wengi wa Kivu wanaiita kugrefe. Unachukua jicho moja la mti mzuri, unapasua ganda la mche mwingine wa jamii ya machungwa, unaliingiza jicho ndani, unalifunga vizuri. Likishika, unakata sehemu ya juu ya ule mche ili nguvu yote iende kwenye jicho. Mti wa namna hiyo unaweza kuzaa baada ya miaka 3 au 4, wakati ule wa mbegu unaweza kungojewa miaka 7 na zaidi. Kwa hiyo kila mti wa clémentine duniani ni kipande cha mti ule mmoja wa Misserghin, ama cha mti mwingine uliotokana nao.

Trabut alidhani baba wa tunda hili ni mchungwa mchungu. Uchunguzi wa jeni uliofanywa miaka mingi baadaye ulionyesha kitu kingine: mama ni mandarini, baba ni mchungwa mtamu, ule wa kawaida. Ilijulikana pia sababu ya kukosa mbegu. Ua la clémentine halizalishwi na unga wake mwenyewe. Likikaa mbali na miti mingine ya jamii yake, tunda linakuwa bila mbegu. Likipandwa karibu na aina zingine, nyuki wanaleta unga na mbegu zinarudi. Mkulima anayelalamika kwamba miche aliyouziwa imemdanganya, mara nyingine afadhali aangalie kwanza miti ya jirani yake.

Frère Clément hakuona matunda yake yakisafiri. Alikufa Misserghin mwezi wa 11 mwaka 1904, majira ambayo clémentine za pande zile zinaanza kuiva. Mwaka 1925 tunda hilo lilipandwa katika kisiwa cha Corsica, na baadaye Moroko na Hispania zikawa wauzaji wakubwa. Huko Ulaya limekuwa tunda la Noeli, linawekwa mezani, watoto wanamenya wenyewe. Kule baridi ya usiku ndiyo inalipa ile rangi kali. Katika inchi za joto mandarini inaweza kuiva ikibaki na kijani, basi ganda la kijani siyo alama ya kwamba ni mbichi. Na ganda lenyewe halitupwi bure: likioshwa na kukaushwa linatia harufu nzuri katika chai, na likipikwa na sukari pamoja na nyama ya tunda linatoa konfitire.

Maisha ya Rodier yanaacha swali kwa yeyote mwenye shamba mlimani Masisi. Frère yule aliweza kungojea mti kwa sababu shirika lake lilikuwa na udongo ambao hakuna mtu angewaondoa kesho, ingawa udongo huo ulitoka katika inchi iliyonyang'anywa wenyewe. Huku kwenye vilima, anayelima shamba la mwingine mara nyingi anaruhusiwa maharagi na mahindi tu. Mti wa miaka mingi unakatazwa, maana mti unaonekana kama dai la udongo. Na anayekimbia vita anaweza kubeba godoro na sufuria, lakini mandarini yake inabaki, anakula mwingine. Tunda lisilohitaji kisu linahitaji kitu kigumu zaidi kupata: miaka minne ya amani, na mkataba wa shamba unaoheshimiwa.