Whitehouse, mhandisi aliyeshusha reli Bonde la Ufa kwa kamba

Sir George Whitehouse, Mwingereza aliyeishi kati ya 1857 na 1938, aliwasili Mombasa Desemba 1895 akiwa mhandisi mkuu wa Reli ya Uganda.

Reli ilipofika Nairobi mwaka 1899, kizuizi kikubwa kilikuwa bado mbele: ukingo wa Bonde la Ufa. Ili ujenzi wa kuelekea Nakuru usikwame, njia ya muda ilitengenezwa kwenye mteremko huo. Mabehewa yalishushwa kwa kamba nene za chuma, na uzito wa yaliyoshuka ukayavuta yaliyopanda.

Usalama wote ulitegemea kamba hizo. Kwa kawaida kamba ya chuma hutoa dalili kabla ya kukatika: nyuzi hukatika mojamoja, unene hupungua, kutu huingia ndani. Asiyeikagua mara kwa mara hucheza na maisha ya watu.

Njia hiyo iliachwa mwaka 1901 baada ya reli ya kudumu kukamilika ukingoni, na Desemba mwaka huohuo reli ikafika Ziwa Victoria. Hata hivyo, funzo lake lingali hai katika kila lifti, iwe imebebwa na kamba au mikanda yenye nyuzi za chuma: uchakavu hutafutwa mapema, haungojwi ujitangaze.