Maya Deren aliiacha filamu ya Haiti mikebeni

Bi. Maya Deren, ambaye wapenzi wa senema huko Marekani humwita mama wa filamu za majaribio, alifariki mjini New York tarehe 13 Oktoba, 1961. Alikuwa na umri wa miaka 44 tu. Aliacha filamu chache fupi, na pia mikebe ya picha alizopiga Haiti, zipatazo futi 18,000, ambazo hakuwahi kuziunganisha.

Alizaliwa Kiev, Ukraine, mwaka 1917, na jina lake la kwanza lilikuwa Eleanora. Mwaka 1922 wazazi wake walihamia naye Marekani. Kabla ya kushika kamera alikuwa karani wa Katherine Dunham, yule mcheza dansi Mweusi mashuhuri ambaye alikuwa ametangulia kwenda Haiti kujifunza ngoma za huko.

Baba yake alipofariki mwaka 1943, alitumia urithi wake kununua kamera ya mtumba ya milimita 16. Mwaka huo huo yeye na mumewe, Alexander Hammid, walitengeneza nyumbani kwao Los Angeles filamu iitwayo Meshes of the Afternoon. Ndani yake mna ufunguo, kisu, na mtu wa mavazi meusi ambaye mahali pa uso ana kioo. Hakuna neno linalotamkwa. Bibi huyu hakungoja kampuni kubwa zimwite. Mwaka 1946 alikodi ukumbi wa Provincetown Playhouse, New York, akaonyesha filamu zake mwenyewe.

Ufundi wake ulikuwa katika kukata na kuunganisha. Katika filamu moja ya mwaka 1945, mcheza dansi Talley Beatty anainua mguu akiwa msituni, na anapoushusha unakanyaga sakafu ya chumba. Mwendo ni mmoja, mahali ni pawili.

Kwa ufundi huo alikwenda Haiti mwaka 1947, akisaidiwa na fedha za Guggenheim, akinuia kuzifanyia ngoma za voodoo vivyo hivyo. Lakini alipokaa na wenyeji aliona kwamba kila hatua na kila mlio wa ngoma ulikuwa na kazi yake katika ibada. Huko mtu aliyeingiwa na pepo huitwa farasi, kwa kuwa pepo humpanda. Watu wetu wa Pwani nao humwita kiti cha pepo, kwa hiyo neno hilo halitawashangaza. Kuikata ngoma ya namna hiyo ili ipendeze machoni kungekuwa kuivunja. Basi akaandika kitabu, Divine Horsemen, kilichotoka mwaka 1953, na katika sura yake ya mwisho anaeleza jinsi yeye mwenyewe alivyopandwa.

Wako wanaoona kwamba alishindwa na kazi. Mimi naona alikuwa na heshima ambayo wapiga picha wengi waliokuja kupiga ngoma zetu hawakuwa nayo.

Miaka mingi baada ya kifo chake, Teiji Ito, mwanamuziki aliyekuwa mumewe wa mwisho, pamoja na Cherel, mke aliyemwoa baadaye, waliziunganisha baadhi ya picha hizo zikawa filamu isiyotimia saa moja. Wacheza ngoma wanapendeza mno kuwatazama, ila msimulizi anasoma maneno ya kitabu juu ya picha, na marehemu hakuwa na desturi ya kuweka msimulizi katika filamu zake.